Kobe niliyemrudisha kwao

Leo asubuhi nimeua kobe kwa huruma.

Hapa Kamembe, karibu na ziwa, nilikuwa nao wawili. Mmoja ana alama nyekundu kando ya macho, kaka yangu alimleta kutoka Ulaya. Wa pili nilimwokota njiani Nyakabuye. Kahawia tu, hana urembo.

Mimi nimekulia Bukavu. Kule ng'ambo ya mpaka tulionekana wageni, kila mara tuliambiwa, "Rudini kwenu."

Basi nikimwona huyu wa kahawia anazunguka uani kutwa akitafuta mlango, roho iliniuma. Nikasema, na yeye arudi kwao.

Nikampeleka ziwani, maana yule mwenzake wa Ulaya anaishi majini. Nikamweka majini taratibu, hata picha nikapiga.

Akazama kama jiwe.

Nikangoja aibuke. Mzee mmoja wa kisiwa cha Nkombo, alikuwa anaanika nyavu, akaniuliza naangalia nini. Nikamweleza.

"Miguu yake ilikuwa na ngozi katikati ya vidole?"

"Hapana, Mzee. Ilikuwa minene, kama ya tembo mdogo."

Akaweka wavu chini.

"Maman, ule ni wa mu pori. Hajui kuogelea, mu mayi anakufa tu."

Tulimtafuta na mtumbwi wake mpaka jua likawa kali. Hatukumpata.

Sasa niko nyumbani. Yule wa Ulaya anaogelea kwenye beseni, mzima, anataka chakula.

Batoto bangu bametoka masomo, banauliza kama mwenzake alifika kwao.

Ninyi mungewajibu nini?

Mimi nimesema alifika.