Mkono wa sweta kwenye blanketi la Hasamba

Kila nikianza kuwasimulia watu hapa Tunduma habari za chama cha blanketi, wananikatiza kwa kukisifu. Mmoja atasema kilimtoa dada yake kwenye wazimu, mwingine atasema mama mkwe wake aliagana na marehemu wake pale. Sasa naandika, mtu asinikatize.

Kazi ya chama hicho ni kulala. Wako Hasamba, kijijini kwa ukoo wa mume wangu, watu wazima kama kumi, wakulima wa kahawa, Jumapili wako kanisani kama watu wengine. Wana blanketi moja kubwa kama turubai la lori, limeshonwa kwa vipande vya nguo za marehemu. Ukitaka kumwona mtu wako, unatoa kipande cha nguo yake, wanakishona pale, halafu mnajifunika wote mchana baada ya chakula na kuota ndoto moja. Mkiamka kila mtu anasimulia alichoona, mdogo kwa umri anaanza, na mnajadiliana mpaka mkubaliane. Mkishakubaliana, hiyo ndiyo ndoto. Nyingine zote zinaachwa palepale.

Binti yangu alikuwa na miaka mitatu. Alikuwa na homa tangu jana yake, nilishampa dawa, nimemlaza kwenye kanga nyuma ya meza yangu ya viatu vya mitumba. Mteja Mzambia alikuwa anajaribu jozi ya tatu na hakuna iliyomridhisha. Mtoto akasema, "Mama, maji." Nikamwambia, "Subiri kwanza." Sikugeuka hata kumtazama. Yule mteja alipoondoka bila kununua, nikamimina maji kwenye kikombe, nikakuta kalala. Sikumwamsha. Baada ya hapo ikaja degedege, ikaja bodaboda, wakaja madaktari mbio mbio, na jioni nikarudi na kanga tupu.

Baba yake alikuwa amekwama na lori upande wa Kongo, simu haipatikani. Tulizika bila yeye. Aliporudi alikaa wiki nzima hali chakula, analala na viatu. Shangazi yake, ambaye ni mtu wa blanketi, akaja kutuchukua. Aliniambia nilete nguo. Nikakata mkono wa sweta la bluu, ule wa kulia, ambao mtoto alikuwa anautafuna mpaka ukatoboka mwishoni. Shangazi aliushona mbele yangu, kwa mishono midogo mizuri. Nilimshukuru. Nakumbuka nilimshukuru sana.

Tulilala. Tulipoamka nikaanza mimi, maana nilikuwa mdogo kuliko wote. Nikasema nimemwona kwenye kanga, ameomba maji, nami nimemwambia asubiri. Kisha bibi anayewaongoza akanigusa goti, akasema kwa upole kabisa, "Hilo tuliache, mwanangu. Halimsaidii mtu."

Wengine wakaendelea. Mtoto alikuwa na gauni jeupe, wakasema. Alikuwa anakimbia kwenye mibuni, anacheka. Mwanamke mmoja ambaye hakuwahi kumwona mwanangu hata siku moja akasema alikuwa na vishimo mashavuni. Zamu ya mume wangu ilipofika akainama, akasema, "Nami nimeona hivyo." Wakanitazama. Nami nilikuwa nimechoka kulia, nikakubali.

Niwaambie kilichonipata. Blanketi lilifanya kazi. Mume wangu alianza kula, alivua viatu. Mimi nilipata usingizi. Lakini kila nikitaka kukumbuka siku ile pale mezani, linakuja gauni jeupe. Mwanangu hakuwahi kuwa na gauni jeupe, nani atafua jeupe katika vumbi hili la malori? Hakuwa na vishimo mashavuni. Namtafuta wangu, napewa wa kwao. Sauti yake akisema maji ilianza kunitoka, nikawa naisema mwenyewe kwa mdomo nisiisahau, mpaka ikawa sauti yangu. Lile kosa lilikuwa langu. Lilikuwa linaniua, sawa, lakini ndani yake kulikuwa na mwanangu mwenyewe, dakika yake ya mwisho ya kuniita. Wamelifuta, wakamfuta naye.

Mwezi uliopita mume wangu alikuwa anakunywa chai, akasema labda mtoto anakimbia mibunini huko aliko. Nikamfokea. Nikamwambia wewe na ndoto yenu mmeniibia mtoto mara ya pili. Akaweka kikombe chini.

"Sikuota kitu," alisema. "Nililala tu, mke wangu. Giza tupu. Nilikubali kwa sababu wote walikuwa wamekubali."

Kesho yake nikapanda basi mpaka Mlowo, halafu bodaboda mpaka Hasamba. Nikamwambia yule bibi nataka kipande changu. Alinieleza kwamba ndoto iliyokubaliwa haifumuliwi, na kwamba wafiwa wenzangu wangefurahi kupumzishwa kama mimi.

"Sikuja kupumzika, bibi. Nimekuja kuchukua mkono wa sweta."

"Utaumia."

"Ndiyo."

Alinipa wembe mwenyewe. Nilifumua nikiwa nimepiga magoti kwenye sakafu yao, mshono mmoja mmoja, shangazi akilia mlangoni na kuniambia sina shukrani.

Nilipofika nyumbani nikaunusa. Unanuka blanketi. Unanuka watu kumi waliolala. Lakini tundu bado lipo pale mwishoni, na kidole changu kidogo kinapita.

Mume wangu alikuja akakaa karibu yangu. Akaomba aushike, naye akaingiza kidole, kikagoma.

"Niambie ilivyokuwa," akasema. "Kwelikweli."

Nikamwambia. Kanga, viatu, yule mteja. Nilipofika kwenye neno la mtoto niliitafuta sauti yake. Haikuja. Nikalisema kwa sauti yangu.