Ukiambiwa Uanguke

Naikumbuka Jumamosi moja, mwanangu, ukiwa bado tumboni, baba yako anakunywa chai ya rangi na kuniambia bila kunitazama: "Leo raundi ya pili nitaanguka."

Ilikuwa fainali ya ndondi ya uzito wa juu, katika ukumbi wa kambi moja ya jeshi, si mbali na chumba chetu cha Kansanga. Askari walikuwa wameshashika nchi. Baba yako alikuwa fundi wa malori, raia tu. Mpinzani wake alikuwa kapteni, na alifika fainali bila jasho, maana wote waliopangwa naye walianguka wenyewe. Kocha akamwambia baba yako naye afanye hivyohivyo.

Mimi nilikuwa na miaka kumi na tisa, nimesoma sekondari, najiona najua kila kitu. Nikamwambia, "Basi huyu mtoto tumwite Godoro, maana kazi ya baba yake ni kulala."

Hakucheka. Aliweka kikombe, akaondoka.

Raundi ya pili ikafika. Kapteni akamfuata kivivu, mikono chini, anangoja mtu ajiangushe kama wale wengine. Baba yako akampiga ngumi moja ya kidevu. Kapteni akalala chali, mwamuzi anahesabu polepole, kama anamwomba aamke. Ukumbi mzima kimya. Mimi peke yangu nikapiga vigelegele.

Hajati, jirani yetu Mnubi aliyezaa askari na kuzika askari, akanifinya paja. "Nyamaza, binti. Huoni wenzako wanatazama viatu vyao?"

Askari walimchukua baba yako na glavu zake mikononi. Nilizunguka kila geti la kambi na tumbo langu hilo, nikimuulizia. Geti la mwisho mlinzi akacheka: "Bondia gani, mama? Hapa hakujawahi kuwa na ndondi."

Nina hasira na yule kapteni, na kocha, na ukumbi ule wote wa watu wazima. Ila ninayeamka naye kila asubuhi ni yule msichana wa miaka kumi na tisa pale kwenye chai, na mdomo wake.

Sasa umeanza kupiga mito ngumi, na majirani wanasema umerithi mabega. Sikiliza. Mwenye bunduki akikuambia uanguke, anguka. Wakucheke. Hata mimi nikikucheka, usinisikilize. Mwamuzi akifika kumi, inuka, uje nyumbani. Mungu akupe miguu ya kukufikisha mlangoni. Godoro nimeshatandika.