Sufuria Mlangoni kwa Zubery

Mwanne binti Nuhu wa Ujiji hasahau. Ukimkanyaga mguu sokoni leo, omba radhi mara mbili, maana mwakani atakukumbusha. Mtu wa namna hiyo ndiye Zubery aliyethubutu kumdanganya.

Mwanne alikuwa akiyeyusha risasi, ile metali ya ndani ya betri. Boti za dagaa za Kibirizi huwasha taa za betri, na betri zikifa huishia kwa Zubery. Yeye huzivunja huko huko mwaloni, boti zinapopakulia dagaa, kisha huwagawia akina mama vyuma vya ndani. Kila mama huyeyusha kwenye jiko la mkaa nyumbani kwake, humimina kwenye vishimo vya mchanga, na hapo hutoka vizito vidogo vya kufungwa kwenye nyavu ili zizame. Risasi haisumbui, moto mdogo tu inalainika na kuyeyuka.

“Na huu moshi, Baba Ummy?” Mwanne aliuliza alipoanza kazi.

“Maziwa, Mama Wema,” Zubery akajibu. “Ukimaliza, kunywa kikombe cha maziwa. Yanaosha kifua chote.”

Basi wanawake wote wa kazi ile wakanywa maziwa. Mwanne alimnywesha na bintiye Wema, aliyekuwa akisomea pale pale jikoni tangu yuko darasa la tatu.

Wema alikuwa na kichwa, tena si kidogo. Alipofika sekondari akalipenda somo la kemia hadi mama yake akachoka kusikia. Kila jioni ilikuwa jedwali la elementi, na kila metali ina kisa chake.

“Mama, unajua kobalti ilivyopata jina? Wachimbaji wa Ujerumani walikuwa wakichoma mawe yake, moshi unawadhuru. Wakasema ni kazi ya mashetani ya migodini, wakayaita kwa jina la hao mashetani. Baadaye mtu akaja kugundua kwamba mle ndani mna metali mpya, lakini jina likabaki lile lile.”

“Walifanya vizuri,” Mwanne akasema. “Kinachokudhuru kiite kwa jina lake.”

“Shaba ni Cu, kutokana na kisiwa cha Kipro. Lithiamu ya betri za kisasa maana yake jiwe, kwa sababu waliikuta kwenye jiwe. Na hiyo yako ni Pb. Warumi waliiita plumbum, wakaitengenezea mabomba ya maji.”

“Aliyeigundua nani?”

“Hajulikani, Mama. Ni ya kale mno.”

Kisha tumbo likaanza kumsokota Wema. Wakasema minyoo. Kichwa kikauma, wakasema malaria. Halafu jedwali lenyewe likaanza kumtoka. Alikuwa akifika kwenye zinki ananyamaza, anamtazama mama yake kama mtu aliyefika uani akasahau alichofuata. Shule ikamshinda. Hospitali wakachukua damu, wakaipeleka mbali kupimwa, na jibu likarudi: risasi. Daktari akasema dawa itaipunguza iliyomo kwenye damu, lakini kilichokwisha kuharibika kichwani hakirudi.

“Na maziwa tuliyokunywa?” Mwanne akauliza.

“Hayazuii kitu, mama yangu.”

Mwanne alimfikisha Zubery mbele ya mwenyekiti wa mtaa, Mzee Khalfani. Hakutaka fidia wala pole. Alitaka jambo moja tu: Zubery atamke kwamba alijua. Zubery akaapa, macho makavu. “Mimi sikusoma, Mzee wangu. Ningejua, ningewapa akina mama sumu?” Wazee wakaridhika, wakamwambia Mwanne amwachie Mungu.

Ya Mungu alimwachia Mungu. Ya Zubery akabaki nayo yeye, na kila usiku aliyageuza moyoni huku akimsikiliza Wema akihema usingizini. Alimchukia mtu yule hadi chakula kikakosa ladha. Ndipo akaanza kukumbuka. Miaka yote ile hakuwahi kuona hata betri moja nyumbani kwa Zubery. Zubery alikuwa akioga mwaloni na kubadili nguo kabla ya kurudi kwake. Wajukuu zake, watoto wa bintiye Ummy, hawakuwahi kukanyaga Kibirizi.

Ijumaa moja, watu wakitoka msikitini, Mwanne akaweka jiko mbele ya lango la Zubery, upande unakotoka upepo wa ziwa. Akatandaza mchanga, akatoboa vishimo. Akabandika sufuria nyeusi, akaifunika, akakoleza mkaa. Moshi ukaingia moja kwa moja uani, wajukuu walikokuwa wakicheza. Anésie, Mrundi aliyekuwa akiyeyusha pamoja naye, akaketi kando yake. Watu wakasimama kutazama, Mzee Khalfani miongoni mwao.

Zubery akatoka mbio, kanzu kaikunja mkononi.

“Ondoa hicho! Unataka kuniulia wajukuu?”

“Kwa moshi huu?” Mwanne akauliza taratibu. “Si watakunywa maziwa, Baba Ummy?”

“Maziwa yatasaidia nini, mwehu wewe! Moshi wa risasi unaharibu ubongo wa mtoto, nani asiyejua?”

“Mana yanje!” Anésie akamwita Mungu wake kwa Kirundi, mikono kichwani. Zubery akamwona Mzee Khalfani, akaanza kurudi nyuma kuelekea langoni.

Mwanne akafunua sufuria. Ilikuwa mpya, kaipaka masizi ya ile ya kazi kwa nje, na ndani yalikuwa maziwa matupu, yanafura. Akachota kikombe, akamnyooshea.

“Kunywa. Yanaosha kifua chote.”

Hakunywa. Kabla jua halijazama, wanawake wa mtaa mzima walikuwa wamemrudishia vyuma vyake, lundo kubwa langoni, na Ummy amekwisha kuwakusanya wanawe na kuondoka nao. Mwanne alikaa akatazama mpaka lori lao likakata kona. Alifurahi, na hakuona haya kufurahi.

Usiku akaketi na Wema, akamshika mkono, wakaanza jedwali tangu mwanzo. Wakapita chuma, wakapita shaba. Safari hii hata zinki ilipita, kwa kusukumwasukumwa. Walipofika kwenye Pb, msichana akakwama.

“Aliyeigundua…” Wema akasema, akitafuta. “Aliyeigundua nani, Mama?”

“Zubery.”

“Zubery,” Wema akarudia, kisha akarudia tena polepole, asije akasahau.