Nilimblock mchumba wa mama kwa sababu ya picha za Saksonia

Wakuu, salama? Hili limenikuta mwenyewe, sijasimuliwa na mtu. Mkinisema, poa tu, nastahili.

Naishi ughaibuni, Handsworth, na mama, Bi Rukia. Ni mjane, anafanya care work, kutunza wazee. Mwaka jana akaanza kuchat na Mzee Salum, Mtanzania aliyekwenda kusoma ufundi Ujerumani Mashariki ujanani, akabaki hukohuko.

Kila asubuhi picha. Miamba mirefu imechomoza msituni. Ngome ya Königstein juu ya jabali. Ukungu juu ya mto Elbe.

Halafu akasema anaishi "Uswisi ya Saksonia". Uswisi ndani ya Ujerumani? Nikajisemea, tapeli huyu hata ramani hajui.

Kilichonimaliza ni daraja la Bastei. Zuri, la mawe, lakini chini yake hakuna mto! Limeunga miamba tu. Nikasema hii ni AI.

(Sikugoogle. Nadhani nilitaka awe tapeli.)

Mama akaanza kuulizia nauli ya Dresden. Nikaona hapa atapigwa. Alipoingia kuoga nikachukua simu yake, nikamblock mzee, nikafuta namba na chat.

"Mbona Salum simuoni humu?"

"Kafuta account, mama. Matapeli ndio zao."

Wiki tatu chai inapoa mbele yake. Nikimuuliza, "Nimechoka na shift tu, mwanangu."

Jumamosi moja asubuhi mlango ukagongwa. Mzee mwembamba, koti la mvua, begi dogo. Address alikuwa nayo, aliwahi kumtumia mama kalenda. Kaja kwa basi kutoka Dresden, miguu imevimba.

"Shikamoo," nikajikuta nasema.

"Marahaba. Mimi Salum. Nilidhani mama yako amefariki. Nimekuja kuhani."

Wakuu, nikampokea begi.

Mama akatoka jikoni na upawa mkononi. "Salum! Kwa nini ulifuta account?"

Mzee akanitazama mimi.

"Simu ilinikorofisha, Bi Rukia. Nisamehe."

Siku hiyohiyo ndiyo nikagoogle. Uswisi ya Saksonia ipo, wameiita hivyo kwa milima yake. Daraja lipo. Kila kitu kipo.

Wameshafunga ndoa, alhamdulillah.

Matapeli wapo, tuwe macho. Ila mimi niliogopa kuuliza, nisije nikajibiwa kwamba mama kampenda mtu.

Hadi leo mama anaamini ni simu. Mzee hajanigusia hata siku moja, ananiita mwanangu.

Nimwambie mama ukweli, au ninyamaze? Semeni wakuu, nasoma comments zote.