Mikono ya Mlangoni

Kuna mwigizaji mwenzangu ambaye miaka kumi na minane pale studio yetu ya filamu, Kyoto, amecheza mtumishi tu: anapiga magoti, anafungua mlango wa karatasi wa kusogeza pembeni, anaondoka. Hata jina lake haliandikwi. Huusogeza mlango upana wa kiganja, hutulia, kisha humalizia kwa mkono wa pili, taratibu, kama anayemfunua mtoto aliyelala. Na mikono yenyewe imejaa sugu! Juzi nililia mbele ya kamera siku nzima, mimi ambaye sura yangu iko kwenye mabango. Yeye akafungua, akaniona, akaurudisha mlango nusu, akasita, akaufunga. Jioni tulipooneshwa vipande tulivyopiga, mwongozaji Kuzumi akaruka kitini: "Jamani, mmeuona mkono ule?" Kilio changu hakukitaja. Yule wa mlangoni akanijia ameinama: "Nisamehe, dada. Nimekuharibia kilio?"

"Uniharibie wewe? Wewe si wa mlangoni tu?"

Akacheka, akaenda kugeuza viatu vyetu vielekee nje ili tuvivae kwa urahisi tukitoka, kama kawaida yake. Jana mume wangu alinikuta nyumbani nimepiga magoti mbele ya mlango wetu, nafungua, nafunga, sijui mara ya ngapi. "Umepoteza nini?" akaniuliza. Nikamwambia, pini.