Jiko Chini ya Kitanda

Mwanangu alikuwa hajatimiza wiki, na mimi nilikuwa sikai nikatulia. Nilizunguka chumba chetu cha Chumbageni nikifungua dirisha, na mama yangu, aliyetoka Pangani kuja kunitunza, akinifuata nyuma akilifunga. Kwetu mzazi hukaa ndani siku arobaini baada ya kujifungua, jiko la mkaa chini ya kitanda ili akauke, na udi wa kufukuza mabaya. Mama alilipanga jiko lile kwa mapenzi yote. Mimi nililitazama kama nyoka.

Nina pumu tangu utotoni. Wakati wa ujauzito, daktari mmoja wa kliniki pale Usagara aliniambia jambo lililonikosesha raha: vinasaba tunazaliwa navyo, lakini mambo anayokutana nayo mtoto mchanga, moshi, lishe, hofu, hata kubebwa, yanaweza kuviwasha vingine na kuvizima vingine, na mwili ukakumbuka mpaka uzeeni. Si kwa kila mtoto, alisema. Mimi nilisikia kila mtoto.

Asubuhi ile mwanangu alikohoa, mara moja tu. Nikalikamata jiko kwa kanga, nikalipeleka uani, makaa yakidondoka mlangoni.

"Umeingiwa na nini wewe?" mama aliuliza. "Ukipata baridi ya tumbo usiseme sikukwambia."

"Moshi, mama. Unamwingia mtoto mapafuni."

"Kwani wewe hukulelewa hivi hivi? Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo."

"Ndicho alichosema daktari."

Nikamweleza yote kwa hasira, haraka haraka, vinasaba, moshi, pumu yangu, kama mtu anayemwaga maji machafu bila kutazama nani anapita.

Mama aliokota makaa kwa koleo, akayatoa nje. Akarudi, akampakata mjukuu wake. Hasira ilishanitoka, nilibaki na hofu, nikaenda kulifungua dirisha ambalo tayari lilikuwa wazi.

"Nikikuweka chini ulikuwa unalia," alisema hatimaye. "Basi nikipika kwa kuni, uko mgongoni. Nikikaanga samaki, uko mgongoni." Akamfunika mtoto vizuri. "Kwa hiyo pumu nilikupa mimi?"

Ukweli ni kwamba hakuna ajuaye.

"Hapana, mama," nilisema, upesi mno.

Alinirudishia mtoto, akaenda uani kulimwagia jiko maji. Baadaye mtoto alilia, akalia sana, na mama, aliyekuwa akimwahi kabla yangu kila mara, hakuja kumbeba.