Bomba Lilikuwa Kimya

Usiku ule nililala na hasira. Binti yangu Rehema alikuwa ameniambia, tena anacheka, kwamba Chuo cha Mitetemo kinafunguliwa upya, na kesho yeye ndiye atakayeshuka Chumba cha Chini.

"Na kwenye baragumu atakaa nani?" nikamwuliza.

"Mkuu Mlemba mwenyewe."

"Yule aliua mtu."

"Haya, ameanza! Mama, wewe na bomba lako mngeoana tu, tupumzike." Akaenda kupanga begi lake.

Niseme kidogo, maana wengine hamkijui chuo kile. Kiko mlimani. Wenyewe walikuwa wakitafuta sauti ya kutoboa dunia hii isikike dunia nyingine. Mimi ni wa darasa la nne, hayo ya dunia nyingine sikuyafuata. Kazi yangu ilikuwa mkono. Mtu anashuka chini ya ardhi kupanga masinia ya mchanga, ule mchanga wa kuonyesha sauti ilivyopita. Akimaliza anajifungia nyuma ya mlango wa chuma, ndipo anagonga bomba lililopanda mpaka kwetu juu. Mimi nimelishika kwa kiganja, kwa sababu mitambo ilikuwa na kelele, sikio halifui dafu. Nikihisi amegonga, nainua mkono wa pili. Mkono ukiinuka, Mkuu anavuta mpini na baragumu la chuma linalia. Usipoinuka, halilizwi. Lile lilikuwa linapasua mawe.

Aliyenifundisha kushika bomba ni Mwalimu Sefu, na ndiye aliyefia chini kule. Siku hiyo Mlemba alikuwa na wageni wake, akachoka kungoja, akavuta kabla sijainua mkono. Dari ikaniangukia, sikio langu la kulia likafa. Nilipopata fahamu, Mlemba na msaidizi wake Kibaja walishaapa kwamba Sefu aligonga. Nawataja kwa majina kwa sababu wako hai na wananenepa.

Basi, usingizini, Sefu akaja.

Alikuwa amekaa kwenye kigoda cha jikoni kwangu, vumbi la mawe limemjaa kwenye kope. Alikaa upande wangu wa kulia, upande uliokufa, na akisema namsikia vizuri kabisa.

"Hadija, mbona mkono wako umepoa?"

Nautazama mkono. Umeshika bomba. Jiko halipo tena, tuko chuoni, na sakafu yote ni mchanga. Mchanga unatambaa wenyewe, unajipanga mistari, unajikunja, unanizunguka miguu. Mlemba amenipa mgongo, anawachekesha wageni. Mkono wake uko kwenye mpini.

"Amegonga huyo," anasema Kibaja.

Hajagonga! Nataka kupiga kelele, mdomo umejaa mchanga. Nageuka nimwite Sefu, na Sefu bado yuko kando yangu, hajashuka. Sasa chini yuko nani? Sakafu inakuwa kama maji, naona mpaka chini. Mlango wa chuma uko wazi. Mtu ameinama anapanga masinia, kichwani ana kilemba cha njano. Kilemba hicho nilikifua mimi, nikakianika mimi.

"Sefu, mwambie atoke!"

Hatikisiki. "Wao walisema niligonga. Wewe ulisema sikugonga. Maneno kwa maneno, ya mkubwa ndiyo hupita." Ananiwekea kiganja chake juu ya changu, kizito, cha baridi. "Usimwambie mtoto, Hadija. Mshikishe."

Mlemba anavuta.

Nikaamka nimekaa, mdomo mkavu. Kumepambazuka. Rehema yuko uani anafunga viatu, kilemba cha njano kichwani.

"Njoo jikoni. Shika bomba hili la maji."

"Mama, gari la Mkuu linanipitia sasa hivi."

"Shika, nakuomba."

Akashika, ananung'unika. Nikaenda nje linakoanzia, nikaligonga kwa jiwe.

"Nimesikia!" akaita. "Mtetemo umenipanda mpaka kiwikoni!"

"Shika tena."

Nikasimama na jiwe langu. Sikugonga. Nikarudi mlangoni taratibu, nikamkuta amefumba macho, anasikiliza kwa kiganja, kama nilivyofundishwa mimi.

"Hujagonga," akasema.

"Una hakika? Labda nimegonga, hukusikia."

"Mama, mkono wangu mwenyewe huu! Hujagonga."

"Akija mtu mkubwa, na wageni wake, akasema nimegonga?"

Akafumbua macho. Akanitazama, akalitazama sikio langu la kulia, na kile kicheko cha jana sikukiona tena.

"Ndicho nilichokishika siku ile," nikamwambia. "Kimya hicho hicho. Salamu zako kutoka kwa Mwalimu Sefu."

Nje honi ikalia. Ikalia tena, ndefu, ya mtu asiyependa kungoja. Begi lilikuwa pale pale miguuni pake. Rehema akabaki ameshika bomba, na mkono wa pili hakuuinua.